Bomu Huanzia Shimoni

Ukiwa Misunkumilo, pembezoni mwa mji wa Mpanda, Shinkolobwe iko karibu nawe kuliko Dar es Salaam. Kwa mstari ulionyooka, pwani ni kama kilomita 900 upande wa mawio. Shinkolobwe, ndani ya Katanga, ni kama kilomita 700 upande wa kusini-magharibi, ng'ambo ya Ziwa Tanganyika. Dar es Salaam kila mtu anaijua, hata ambaye hajawahi kufika. Shinkolobwe haitajwi stendi wala gulioni, wala kwenye vijiwe vya kahawa. Hata hivyo, sehemu kubwa ya urani iliyotumika katika mradi wa Marekani wa bomu la atomiki, mradi uliozaa bomu la Hiroshima la tarehe 6 Agosti 1945 na la Nagasaki siku tatu baadaye, ilichimbwa pale.

Simulizi za mabomu hayo huanzia maabara na kuishia angani. Wanasayansi wana majina, rubani ana jina, na ndege nayo ina jina lake na imewekwa makumbusho watu wakaione. Shimo lilikotoka jiwe hupewa sentensi moja, kisha msimulizi anakwenda zake. Mimi nataka kuianzia habari hii shimoni, kwa kuwa huku Katavi watu wanalijua shimo kwa mikono yao.

Nenda kwenye machimbo ya dhahabu ya Dirifu au Ibindi ukaone. Jiwe linapandishwa kutoka duarani kwa kamba, linatiwa kwenye kiroba, kiroba kinapigwa alama ya mwenyewe kwa kalamu ya wino mzito, kisha kinapelekwa karasha. Unga wake unapita mwaloni, dhahabu inanaswa kwa zebaki, inachomwa, inafikishwa kwa mnunuzi mwenye mizani. Muda wote huo mchimbaji hamwachii mtu jiwe lake. Atalala karashani juu ya viroba vyake ikibidi, maana kiroba kikihama mkono mara moja hakirudi. Lakini mizani ikishatulia na noti zikahesabiwa, habari imekwisha. Dhahabu ile ikawe pete ya arusi au ikalale kwenye ghala la benki kuu ya nchi fulani, hayo hayamhusu, na hakuna aliyewahi kumwambia kwamba yangeweza kumhusu.

Mji wa Mpanda nao ulikuzwa na utaratibu huohuo. Reli ya tawi kutoka Kaliua ilifika hapa mwaka 1950 kwa ajili ya madini ya risasi yaliyochimbwa na kampuni ya Uruwira Minerals. Kampuni ikachimba, mabehewa yakabeba, na miaka kama kumi baadaye mgodi ukafungwa. Reli ikabaki, na abiria wanaipanda hadi leo. Risasi ndiyo madini yanayokinga mionzi: imo kwenye kuta za vyumba vya eksirei na kwenye aproni nzito anayovaa mpiga picha wa hospitali. Kwa hiyo katika miaka hiyo ya 1950 upande huu wa ziwa ulitoa kinga na upande ule ulitoa sumu, na wachimbaji wa pande zote mbili walilipwa ujira wao bila kuambiwa wamechimba nini cha nani.

Njia ya kwenda Katanga ni ya zamani, na inapita mlangoni kwetu. Msiri, aliyeitawala Katanga katika nusu ya pili ya karne ya 19, alitoka Usumbwa, katika Unyamwezi. Baba yake alikuwa mfanyabiashara wa shaba, na mwana akaifuata shaba kule ilikotoka. Akajenga mji wake Bunkeya kwa pembe, shaba na watumwa. Haifai kumpamba, wengi walilia kwa ajili yake. Lakini shaba ya Katanga ilikuwa na mwenyewe, na aliyeitaka alilazimika kwenda kukaa mbele yake na kuongea.

Mwaka 1879, Kapteni Ernest Cambier, Mbelgiji aliyetumwa na chama cha Mfalme Leopold wa Pili, alianzisha kituo Karema, ufukweni mwa ziwa, zaidi ya kilomita 100 kwa barabara kutoka Misunkumilo. Kilikuwa kituo cha kwanza cha chama hicho barani. Mwaka 1885 kituo kilikabidhiwa Wamisionari wa Afrika, lakini njia ilikuwa imeshafunguka. Oktoba 1891 msafara wa William Stairs, uliotumwa kwa niaba ya Leopold na wenye wapagazi kutoka Zanzibar na mwambao, ulifika Karema ukitokea Bagamoyo na Tabora, ukavuka ziwa, ukashika njia ya Bunkeya. Tarehe 20 Desemba mwaka huohuo Msiri alipigwa risasi akafa nyumbani kwake. Katanga ikawa mali ya Leopold, na baadaye koloni la Ubelgiji. Mwaka 1906 ikaundwa kampuni ya Union Minière du Haut-Katanga, na mwaka 1915 urani ikagunduliwa Shinkolobwe.

Hakuna mpagazi aliyepita Tabora na Karema na mzigo kichwani ambaye angeweza kujua hayo. Stairs hakuyajua, wala Leopold. Jiwe lenyewe halikuwa na bei. Kilichofanyika mwaka 1891 ni kwamba mtu wa kuulizwa aliondolewa kabla swali halijazaliwa. Swali lilipokuja, miaka 24 baadaye, lilikuta jibu limeshasainiwa Brussels.

Na lilianza kwa sura njema. Kwa miaka mingi tangu 1922 jiwe la Shinkolobwe lilisafirishwa hadi Ubelgiji ili litolewe radiamu, ambayo madaktari waliitumia kutibu saratani. Urani ilikuwa makombo ya kazi hiyo, kitu cha kupaka rangi vyungu na vioo. Kisha mwishoni mwa mwaka 1938 wanasayansi wa Ulaya wakagundua kwamba kiini cha urani kinaweza kupasuliwa, na makombo yakawa ndiyo chakula. Tarehe 2 Agosti 1939 Albert Einstein alimwandikia Rais Roosevelt barua ya kumtahadharisha, na ndani yake akaitaja Kongo ya Wabelgiji kuwa ndiko kwenye chimbuko muhimu kuliko yote. Edgar Sengier, mkuu wa Union Minière, alikwisha kuonywa na Waingereza. Mwaka 1940 akahamishia zaidi ya tani 1,000 za jiwe hilo New York na kuzihifadhi kwenye ghala kisiwani Staten Island. Septemba 1942, ofisa wa jeshi la Marekani alipomfuata kumwuliza kama angeweza kupata urani, mzigo ulikuwa tayari, umekaa unasubiri. Madini yale yalikuwa na oksidi ya urani hadi asilimia 65, wakati kwingineko chini ya asilimia moja kulihesabiwa kuwa ni neema. Watu wa Katanga walioyachambua kwa mikono hawamo katika barua ya Einstein, wala hawakuwamo katika mazungumzo ya New York.

Sasa tuitazame ndege.

Ile iliyoruka kutoka kisiwa cha Tinian usiku wa kuamkia tarehe 6 Agosti ilikuwa B-29, ndege ya mabomu ya injini nne ambayo chumba cha wafanyakazi wake kilijazwa hewa ili waweze kukaa juu sana bila kuishiwa pumzi. Paul Tibbets aliiendesha kwa saa sita hivi hadi Japani. Bomu, lenye uzito wa zaidi ya tani nne na urani ya takriban kilo 64, liliachiwa kutoka kimo cha zaidi ya mita 9,000. Lilianguka kwa sekunde 43 hivi. Katika sekunde hizo Tibbets alikuwa na kazi moja tu: kuigeuza ndege kwa mkato mkali na kukimbia, ili bomu lake mwenyewe lisimuue. Inakadiriwa kwamba hadi mwisho wa mwaka 1945 watu kama 140,000 walikuwa wamekufa Hiroshima. Kati ya kilo zile 64, chini ya kilo moja ndiyo iliyopasuka kweli.

Kutoka mita 9,000 mji huonekana, mtu haonekani. Hiyo ndiyo kazi ya ndege ya mabomu tangu ilipobuniwa: kumweka muuaji mahali ambapo hawezi kuona uso. Lakini Tibbets hakuwa peke yake katika kutoona. Upande wa pili wa kamba hiyohiyo alikuwapo mchambuzi wa mawe wa Shinkolobwe, naye hakuona kitu. Bomu lilihitaji wote wawili. Lilihitaji jiwe kutoka mbali kwa watu wasioulizwa, na shabaha ya mbali yenye watu wasioonekana, na katikati watu wachache wenye ofisi ambao walijua mwanzo na mwisho. Ukilipima hivyo, bomu la atomiki limetengenezwa kwa urani na kwa umbali, na umbali ulikuwa mwingi kuliko urani.

Inabidi niseme pia lile ambalo wazee wetu wa vita wangelisema. Vijana wa Tanganyika, Kenya, Uganda na Nyasaland walipigana Burma katika Divisheni ya 11 ya Afrika Mashariki. Mwaka 1944 walisonga mbele wakipigana katika Bonde la Kabaw, kwenye tope la masika na malaria, na vita vilipokwisha Agosti 1945 divisheni yao ilikuwa India ikijipanga upya. Kwao habari ya bomu ilikuwa habari ya kurudi nyumbani. Aliyekaa handakini akisubiri zamu yake ya kufa huwezi kumwambia asifurahi. Ninachojiuliza ni hesabu ya ajabu iliyofanyika juu ya vichwa vyao: koloni moja lilitoa askari, koloni la jirani likatoa jiwe, na hakuna hata mmoja aliyeulizwa vita vile ni vya nini wala viishe namna gani.

Vita vilikwisha, ndege hazikulala. Novemba 1953 Kikosi Na. 49 cha Jeshi la Anga la Uingereza kilitua Eastleigh, Nairobi, na ndege za aina ya Lincoln. Kilitumwa kupiga mabomu katika misitu ya Nyandarua na Mlima Kenya walimojificha wapiganaji wa Mau Mau. Msitu ulitangazwa kuwa eneo lililokatazwa, na aliyemo ndani alihesabiwa kuwa adui. Kutoka juu, mti ni mti. Mabomu yaliangukia watu, tembo na nyati bila kuchagua. Kikosi hicho kilikaa hadi Januari 1954, kisha vikosi vingine vikapokezana. Mwezi mmoja tu kabla ya hapo, Oktoba 1953, ndege za aina hiyohiyo za jeshi la Australia zilikuwa zimetumwa kufuatilia wingu la bomu la atomiki lililolipuliwa na Waingereza huko Emu Field, na wanajeshi waliokuwa ndani ya ndege waliingia humo bila kinga ya maana.

Baadaye Kikosi Na. 49 kikapewa ndege mpya za jeti, Valiant. Tarehe 11 Oktoba 1956 mojawapo ilidondosha bomu la atomiki huko Maralinga, Australia, la kwanza la Uingereza kudondoshwa kutoka ndegeni. Tarehe 15 Mei 1957 nyingine ilidondosha karibu na kisiwa cha Malden, katika Pasifiki, bomu la kwanza la majaribio ya haidrojeni la nchi hiyo. Ndege hiyo ya pili imehifadhiwa makumbusho Uingereza. Kwa hiyo, katika muda usiotimia miaka minne, kikosi kilekile kilitoka juu ya Nyandarua kikafika juu ya Malden. Vitabu vingi vya historia huiweka Mau Mau katika sura yake na bomu la nyuklia katika sura nyingine. Daftari la safari za kikosi hicho halijui sura mbili.

Ndege za Valiant zilipakwa rangi nyeupe inayong'aa, hata alama za jeshi zikafifishwa kwenye zile zilizofuata. Sababu ni kwamba rangi nyeusi hufyonza joto, na mwanga wa bomu la haidrojeni ungeiunguza ndege iliyolileta. Ile ya Kisovieti aina ya Tu-95, iliyodondosha bomu la megatani 50 juu ya Novaya Zemlya tarehe 30 Oktoba 1961, nayo ilipakwa nyeupe. Kwa hiyo muuaji alishafikiriwa: alipewa rangi, miwani ya giza, mapazia ya dirishani, na kanuni ya kugeuka upesi. Waliokuwa chini hawakupakwa kitu.

Na chini hapo hapakuchaguliwa ovyo. Tangu jaribio la kwanza la Marekani huko New Mexico, Julai 1945, mabomu zaidi ya 2,000 yamelipuliwa duniani kwa majaribio. Tazama ramani yake. Marekani ilikwenda visiwa vya Marshall, ambako tarehe 1 Machi 1954 bomu la megatani 15 huko Bikini liliwamwagia wenyeji wa Rongelap majivu yaliyoshuka kama theluji, na watoto wakayachezea. Uingereza ilikwenda jangwa la wenyeji wa Australia na visiwa vya Pasifiki. Sovieti ilikwenda nyika za Wakazakhi, Semipalatinsk. Ufaransa ilikuja Sahara. Kila mwenye bomu alitafuta mahali ambapo, kwa macho yake, hapakuwa na mtu, na kila mara watu walikuwapo.

Mei 1957, mwezi uleule wa Malden, wanajeshi waliokuwa Maralinga walikuta familia ya wenyeji, baba, mama na watoto wawili, imelala kambini kando ya shimo lililochimbwa na bomu jingine la Oktoba iliyopita. Mabango ya kuwaonya yalikuwapo, kwa Kiingereza. Walipelekwa wakaogeshwa kwa maji mengi ili mionzi itoke, na mbwa wao wa kuwindia wakapigwa risasi. Mama alikuwa mjamzito. Tume ya uchunguzi ya Australia ilikuja kuyaandika hayo katikati ya miaka ya 1980, karibu miaka 30 baadaye.

Huko Reggane, kusini mwa Algeria, Ufaransa ililipua bomu lake la kwanza tarehe 13 Februari 1960. Lilikuwa na nguvu ya kilotani 70, zaidi ya mara nne ya lile la Hiroshima. Yakafuata mengine matatu ya hewani, kisha 13 ya chini ya ardhi huko In Ekker, la mwisho mwaka 1966, nchi ikiwa imeshajitawala karibu miaka minne. Tarehe 1 Mei 1962 mlima waliouchimba ili ulimeze bomu ulipasuka na wingu likatoka. Mawaziri wawili wa Ufaransa waliokuja kushuhudia walikimbia pamoja na askari na kwenda kuoga. Kwa dakika chache umbali ulikataa kufanya kazi yake, na wakubwa wakaonja kile walichowaandalia wengine.

Ni katika Sahara hiyo ndipo Mwafrika alipoanza kulijibu bomu, na jibu lake la kwanza lilikuwa kulifuata. Desemba 1959 msafara mdogo uliondoka Accra kwa magari kuelekea Reggane, ukikusudia kuingia katika eneo la majaribio na kukaa humo. Walikuwamo Waghana, Waingereza kama Michael Scott na Michael Randle, na Wamarekani weusi Bayard Rustin na Bill Sutherland. Wafaransa waliwazuia Bittou, katika nchi ambayo leo ni Burkina Faso. Walijaribu tena, wakarudishwa tena. Bomu likalipuliwa. Ghana ikazuia mali za Wafaransa zilizokuwa nchini mwake, na Januari 1961 Nigeria, yenye uhuru wa miezi mitatu, ikavunja uhusiano wa kibalozi na Ufaransa.

Yuko atakayesema msafara ule ulishindwa. Haukufika, na bomu halikungoja. Lakini nadhani ulielewa jambo ambalo mikutano mingi haijalielewa: kama silaha hii inaishi kwa umbali, basi kuipinga ni kuufupisha umbali, hata kwa kwenda kukaa pale ambapo mwenye bomu anasema hapana mtu. Bill Sutherland aliuhamishia moyo huo kwetu. Mwaka 1962 alikuwa Dar es Salaam na wenzake wa Brigedi ya Amani ya Dunia, wakiandaa maandamano ya kuingia Rhodesia ya Kaskazini kumuunga mkono Kenneth Kaunda. Maandamano hayo hayakufanyika. Sutherland alibaki, akaifanya Tanzania makazi yake kwa miaka mingi.

Serikali nayo ilishika njia yake. Tanganyika ilitia saini mkataba wa 1963 wa kuzuia majaribio ya hewani, majini na angani. Tarehe 22 Mei 1984 Mwalimu Nyerere alitoa tamko la pamoja na Indira Gandhi wa India, Olof Palme wa Sweden, Raúl Alfonsín wa Argentina, Miguel de la Madrid wa Mexico na Andreas Papandreou wa Ugiriki, wakiyataka mataifa yenye nyuklia yasimamishe majaribio na utengenezaji wa silaha hizo. Kumbuka mwaka wenyewe. Watanzania walikuwa kwenye foleni ya sukari, sabuni na mafuta ya taa. Mtu mwenye kibaba kitupu mkononi angekuwa na haki ya kuuliza: Mwalimu, bomu la wenzetu linatuhusu nini, sisi tusio na hata mafuta ya kuwashia koroboi?

Jibu limo katika walichofanya baadaye. Walipokutana tena Mexico, Agosti 1986, viongozi wa kundi hilo hawakuishia kusihi. Walijitolea kupeleka wataalamu na vyombo vya kupima mitetemo ya ardhi kwenye maeneo ya majaribio, ili asiyeaminika aangaliwe na wasio na bomu. Nchi isiyo na ndege hata moja ya nyuklia ilikuwa inaomba kazi ya kuwa shahidi. Marekani na Sovieti hazikulipokea pendekezo lile kama lilivyoletwa, lakini leo kazi hiyo ipo. Chini ya mkataba wa 1996 wa kupiga marufuku majaribio yote, ambao Tanzania iliuridhia mwaka 2004, kituo cha kunasa chembechembe za mionzi hewani kimewekwa Dar es Salaam. Kilimambogo, Kenya, kuna vyombo vinavyosikiliza mitetemo ya ardhi, na Mbarara, Uganda, vipo vya kusaidiana navyo. Mtu akilipua bomu popote, masikio yetu ni miongoni mwa yatakayosikia. Mkataba wenyewe haujaanza kutumika rasmi kwa sababu baadhi ya wakubwa hawajauridhia, lakini vyombo havikuwasubiri.

Kuna pia Mkataba wa Pelindaba, unaolifanya bara zima kuwa eneo lisilo na silaha za nyuklia. Ulifunguliwa Cairo tarehe 11 Aprili 1996, na ulihitaji nchi 28 ili uwe na nguvu. Ukangoja miaka 13. Nchi ya 28 ilikuwa Burundi, Julai 2009: nchi ndogo iliyochoka kwa vita, ambayo watu wake maelfu kwa maelfu walikuwa wamepata makao Katumba na Mishamo, hapa Katavi. Sidhani kama siku hiyo kuna aliyesimamisha jembe Katumba ili ashangilie. Lakini walioujua ukimbizi kuliko wengi walitoka katika nchi iliyokuja kulifungia bara mlango wa bomu.

Na sasa jiwe limetufikia. Katika Mto Mkuju, wilayani Namtumbo, mkoa wa Ruvuma, kuna urani. Mwaka 2012 Kamati ya Urithi wa Dunia ilikubali mpaka wa Pori la Akiba la Selous usogezwe ili mgodi upate nafasi, na mwaka 2025 kiwanda cha majaribio cha kuchenjua urani kilizinduliwa. Mradi huo ni wa kampuni iliyo chini ya Rosatom, shirika la serikali ya Urusi, ambalo pamoja na vinu vya umeme husimamia pia kazi za silaha za nyuklia za nchi yake. Halisemwi hilo ili kumchafua Mrusi. Jiwe la Katanga lilikwenda kwa Mmarekani, na matokeo yanajulikana.

Wala sisemi jiwe libaki ardhini. Urani huendesha vinu vya umeme, na mionzi hutibu watu kila siku katika Hospitali ya Ocean Road. Shinkolobwe yenyewe ilianza kwa kutibu saratani. Jiwe halina nia. Nia iko kwa anayelipokea, na ndiyo maana mwenye kulitoa hawezi kuridhika na mizani peke yake. Mtu wa Shinkolobwe mwaka 1940 hakuwa na mahali pa kuuliza. Hapakuwa na bunge lake, wala mkataba, wala wakala wa kimataifa wa kuhesabu kilo zinazotoka na zinakofikia. Sisi tunavyo vyote hivyo. Tunayo Tume ya Nguvu za Atomiki. Tunao Mkataba wa Pelindaba, ambao kifungu chake cha 9 kinakataza kuipa urani nchi isiyo na silaha za nyuklia mpaka iwe chini ya ukaguzi kamili wa kimataifa.

Kisome kifungu hicho taratibu. Kinazitaja nchi zisizo na silaha. Nchi zilizo nazo tayari, ambazo ndizo zenye ndege na makombora, hakiziwekei sharti hilo. Pengo hilo haliwezi kuzibwa na mhandisi wa mgodi wala na dereva wa lori. Linazibwa na mbunge atakayetaka mkataba wa mauzo uletwe mezani, na mwandishi atakayefuatilia shehena hadi inakoshushwa, na mwananchi wa Namtumbo atakayeulizia, pamoja na ajira na fidia na maji ya kisima, mahali urani ya kwao ilikofikia na kazi iliyofanya huko. Wataambiwa ni siri ya biashara. Sengier naye alikuwa na siri ya biashara, ndani ya ghala kisiwani Staten Island.